Mama mkwe amenigeuza adui wa tamthilia

Anti, shikamoo.

Naandika nikiwa nimejifungia chumbani, kwa hiyo unisamehe maneno yakiruka-ruka. Nina miaka 29, naishi Tanga na mama mkwe wangu na binti yangu wa miaka sita. Mume wangu yuko mgodini Geita, huja kila baada ya miezi mitatu, na akikaa sana ni siku kumi. Huu ni mwaka wa saba wa ndoa yetu, na ile mitano ya kwanza sikuwa na cha kulalamikia. Mama alinipokea vizuri, alinifundisha samaki wa kupaka, na nilipojifungua alinikanda kwa mikono yake siku arobaini.

Shida ni tamthilia za Kihindi, hizi zilizotiwa sauti za Kiswahili. Ikifika saa mbili usiku mama hahamishiki. King'amuzi nilikinunua mimi kwa faida ya vitumbua vyangu, na kifurushi nalipia mimi mpaka leo, ndiyo maana naona uchungu zaidi. Mwanzo tulikuwa tunacheka wote. Humo kuna mke mdogo, mwembamba, kachonga nyusi, kila akipanga ubaya wake anazungusha macho na ngoma zinamlilia nyuma. Mama alikuwa akimtukana kama vile yuko pale sebuleni. Sikujua kuwa kidogo kidogo yule mwanamke anahama kwenye kioo anakuja kukaa mwilini mwangu.

Vitumbua navipika alfajiri, navipeleka stendi na kwenye shule mbili. Usiku mmoja umeme ulikuwa umekwisha kwenye luku, nikawa natia hamira kwenye unga kwa tochi ya simu. Kugeuka, mama yuko mlangoni: "Unatia nini humo?" Nikamwambia hamira, mama. Akaangalia bakuli, akaniangalia mimi, akaondoka bila neno. Tangu siku ile chakula nikipakua anasubiri nianze kula mimi. Anti, mtu aliyenikanda siku arobaini anasubiri nile kwanza!

Mchele, sukari na mafuta viko stoo, na stoo ina kufuli. Ufunguo anaufunga kwenye pindo la kanga, akilala unalala chini ya mto. Asubuhi ananipimia. Niliwahi kumwambia kwa adabu kuwa kuamka saa kumi kumgongea mlango ni kumsumbua, basi aniachie ufunguo. Akanijibu kuwa kufuli lile alipewa na mama mkwe wake, na alikaa miaka kumi na moja ndani ya nyumba hii ndipo akapewa. Nikanyamaza.

Sasa mwezi wa pili mwaka huu alifungua sanduku langu, anasema alikuwa anatafuta kanga ya kwenda nayo msibani. Akakuta bahasha yenye shilingi 340,000. Ni akiba yangu ya kununulia oveni, nataka kuanza keki na mikate. Mume wangu anajua naweka, hajui kiasi. Mama akampigia simu wifi yangu Korogwe, wifi akaja na basi la kwanza, nikawekwa kikao. Wifi alisema maneno ambayo nimeyasikia neno kwa neno kwenye tamthilia: "Umeingia nyumba hii na begi moja, leo unataka kututoa sisi?" Kumbe naye anaangalia huko kwake!

Mimi sikujibu. Nililia tu, kimya kimya, nikijiambia ukweli utajitokeza wenyewe. Imepita miezi minne, Anti, ukweli haujajitokeza.

Nikimpigia mume wangu anasema, "Mvumilie, ni mtu mzima." Na juzi nimemkuta binti yangu kajifunika kanga kichwani, kajifunga ufunguo wa kabati kiunoni, anamwambia mwanasesere wake, "Toka nyumbani kwangu!" Halafu anageuza kichwa mara tatu na kupiga ngoma kwa mdomo: dhum, dhum, dhum.

Naomba unijibu mambo mawili. Je, nisilipie tena kile kifurushi, au nirudi kwetu Muheza mpaka mume wangu aje? Na hivi kweli Wahindi wanaishi namna hii majumbani mwao, au tunadanganywa?

Mkazamwana, Tanga

*

Marahaba mwanangu, na pole.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza nilicheka pale kwa binti yako na ngoma zake, Mungu anisamehe. Mara ya pili nilichukua kalamu nikahesabu miaka. Mitano mizuri, miwili mibaya. King'amuzi kilinunuliwa kwa faida ya vitumbua. Kwa hiyo tamthilia na vitumbua viliingia nyumba hiyo pamoja, au vilipishana kidogo tu. Wewe umemkamata mmoja, mwenzake umemwacha akapita.

Nitarudi hapo. Tuanze na kifurushi: usikikate. Mtu mzima akikosa kipindi chake ghafla atajua nani kakikata, na atakuwa amepata ule ushahidi aliokuwa anautafuta tangu usiku wa hamira. Isitoshe, mimi mwenyewe ni mtu wa picha za Kihindi tangu zama za jumba la sinema la Majestic pale Unguja, nimelia kwenye viti vyake mpaka kanga ikalowa. Sina mdomo wa kumzuia mwenzangu.

Na si kweli kwamba tamthilia hizi kazi yake ni kugombanisha watu. Wachumi wawili, Robert Jensen na Emily Oster, walivifuatilia vijiji vya India kati ya 2001 na 2003, wakati televisheni ya kebo ilipokuwa inaingia kijiji baada ya kijiji, na mwaka 2009 wakachapisha waliyoyakuta. Mahali kebo ilipofika, wanawake waliosema ni sawa mume kumpiga mkewe walipungua. Waliosema lazima mtoto awe wa kiume walipungua pia. Na walichokuwa wakiangalia wanawake wale zaidi ni tamthilia kama hizo zenu za mama mkwe na mkazamwana. Waliona wanawake wa mjini wanaotoka bila kuomba ruhusa, wanaoshika fedha, na vichwani mwao kitu kikasogea.

Kinachosumbua ni mtu anaondoka na somo lipi. Hili lina kisa chake, na ni cha tamthilia ya kwanza kabisa ya aina hii nchini India. Iliitwa Hum Log, yaani "Sisi Watu", ilianza Julai 1984 kwenye televisheni ya taifa, Doordarshan. Serikali ilitaka kuwafundisha watu uzazi wa mpango na hadhi ya mwanamke kwa njia ya hadithi, mtindo waliouiga Mexico. Mwandishi, Manohar Shyam Joshi, akaunda familia ya kawaida ya mjini, nyumba ndogo, baba mlevi, watoto watano, babu na bibi humo humo. Kila kipindi kikiisha, mwigizaji mkongwe Ashok Kumar anatokea anazungumza na watazamaji juu ya yaliyopita. Barua zikamiminika kwa malaki.

Katika familia ile kulikuwa na mama, Bhagwanti. Anatukanwa na mume, anasemwa na mama mkwe, na yeye kimya, anapika tu. Aliwekwa makusudi ili wanawake wamtazame waseme, mimi sitaki kuwa hivi. Watafiti walipokwenda kuwauliza watazamaji, wakakuta wengi wamemchukua Bhagwanti ndiye mfano wa kuigwa. Ndiye mke mwema! Mvumilivu!

Sasa usinichukie, lakini Bhagwanti wa barua hii ni wewe. Unamlaumu mama kwa kuiga kioo, kumbe mmeiga wote wawili. Yeye amejifunza kushuku, wewe umejifunza kulia kimya ukingoja ukweli utoke wenyewe. Wakati ulikuwa na sentensi moja tu ya kusema siku ile ya kikao: "Hiyo ni akiba ya oveni, mume wangu anajua naweka, na kila shilingi imetoka kwenye vitumbua." Ungeisema, wifi angerudi Korogwe na basi la jioni.

Bibi harusi wa kwenye tamthilia haisemi sentensi hiyo kwa sababu haruhusiwi. Akiisema Jumatatu, Jumanne hakuna kipindi. Chukua ile iliyowafungulia mlango wenzake wote, Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi, kazi ya kampuni ya mtayarishaji Ekta Kapoor. Ilianza Julai 2000, ikaisha Novemba 2008, vipindi 1,833. Hebu fikiria mtu anayepaswa kuandika ugomvi wa nyumba moja mara 1,833. Mkazamwana wa humo anaitwa Tulsi, na mumewe, Mihir, aliuawa kwenye ajali. Watazamaji wakaja juu, ikabidi afufuke na maelezo yake. Hadithi ilipochoka walirusha miaka ishirini kwa mkupuo mmoja, watoto wakaamka watu wazima, Tulsi akaamka bibi mwenye mvi chache na ngozi ile ile. (Smriti Irani aliyemwigiza alikuja kuwa waziri katika serikali ya India mwaka 2014, na Julai 2025 akarudi tena kwenye Tulsi yule yule. Kuna kazi mtu haachi.)

Hivyo ndivyo zinavyotengenezwa. Vipindi vinapigwa mbio, vingine siku chache tu kabla ya kurushwa, na idadi ya watazamaji ndiyo inayoamua nani afe wiki ijayo na nani azinduke hospitali. Ile kamera inayomrukia kila mtu usoni mara tatu, ambayo binti yako ameshika vizuri kuliko wote, nayo inakula dakika. Mtu mmoja kasema neno, watu wanane wanashtuka kila mmoja kwa zamu, na kipindi kimekwisha. Ninyi mko watatu nyumbani, na hakuna anayewalipa kwa dakika.

Swali lako la pili: Wahindi wanaishi hivyo? Hakuna anayelala na sari ya hariri na dhahabu shingoni, na wao wenyewe huko wanazicheka kuliko sisi. Kuna mkazamwana mmoja wa tamthilia, Gopi, aliyeiosha kompyuta ya mumewe kwa sabuni na maji akaianika, India nzima ikamcheka miaka na miaka. Kuna mwingine, Simar, aligeuzwa nzi. Ndiyo, nzi mwenye mabawa, akaendelea na matatizo ya ukweni.

Lakini chini ya vichekesho hivyo kuna nyumba ya kweli. Katika familia nyingi za kaskazini mwa India, desturi ilikuwa mtoto wa kiume habanduki: anaoa, analeta mke kwa wazazi wake, na ndugu zake vivyo hivyo, jiko moja, chungu kimoja. Bibi harusi anafika nyumba ambayo kila mtu ana cheo juu yake. Sikiliza majina yao: saas ni mavyaa. Nanad ni wifi, na sifa zake kwenye hadithi ni zile zile za wifi wako wa Korogwe. Bahu ni wewe, mkazamwana. Wana neno la mke wa kaka mkubwa wa mume na neno jingine la mke wa mdogo wake, na wawili hao wakiwa jiko moja, ukubwa na udogo vinaanza hata kwenye nani anakanda unga. Jamii haitungi majina mengi hivyo kwa watu wasiogombana. Nasi hatujambo, ndiyo maana tamthilia hizi hazikuhitaji kufafanuliwa zilipofika Tanga.

Na nyumba hiyo kiti chake cha enzi kiko jikoni. Siku bahu anapoingia jikoni mara ya kwanza ni sherehe, anapika kitu kitamu, halua au wali wa maziwa, wakubwa wanaonja, wanampa zawadi. Anaanza kazi siku hiyo. Lakini ufunguo hapewi. Kishada cha funguo kinaning'inia kiunoni mwa saas, kwenye ncha ya sari, na siku anapokifungua akamkabidhi mtu, nyumba imebadilisha mtawala. Watunzi hawakuibuni hiyo, waliiona majumbani mwao. Wakiipiga picha sasa wanaweka na ngoma.

Nikupe hadithi ya zamani kidogo, ya kabla ya televisheni yoyote. Premchand, bwana wa hadithi fupi za Kihindi, aliichapisha mwaka 1910, inaitwa Bade Ghar Ki Beti, "Binti wa Nyumba Kubwa". Anandi ametoka kwenye utajiri, ameolewa kwenye familia ya kijijini iliyofilisika. Mumewe anafanya kazi mjini, anarudi Jumamosi. Siku moja shemeji yake mdogo analeta ndege wawili anasema wapikwe. Anandi anamimina samli yote iliyokuwemo kwenye nyama. Shemeji anakaa kula, dengu haina samli. Anauliza, anajibiwa imekwisha. Anamrushia kijembe cha kwao, eti labda huko mito ya samli inatiririka. Anandi naye hakubali, anamwambia samli kiasi hicho kwao wanakula watumishi. Kijana anavua kiatu chake cha mti anamtupia. Anandi anakikinga kwa mkono, kidole kinaumia.

Mume alipokuja Jumamosi, yeye ambaye siku zote alikuwa akihubiri watu wasitengane, alimwambia baba yake: mimi na huyu hatukai nyumba moja tena. Shemeji aliposikia, alilia, akajiandaa kuondoka. Aliyemkimbilia mlangoni kumrudisha ni Anandi.

Watu humsifu Anandi kwa kumrudisha shemeji. Mimi nampendea mambo mawili yaliyotangulia. Alijibu. Na mume alipofika, alimweleza kila kitu bila kupunguza. Hadithi nzima ina kurasa chache tu kwa sababu watu wake walisema walichokuwa nacho moyoni, na ugomvi ulioanza Alhamisi ukaisha mwisho wa wiki ileile.

Nisije nikakupamba nikakuficha: si nyumba zote kule zinaishia kwa machozi ya kupatana. Ile mali ambayo familia ya bibi harusi hulazimishwa kuipeleka kwa wakwe, kinyume cha mahari yetu, ilipigwa marufuku kwa sheria mwaka 1961, na bado ikadaiwa. Mwaka 1983 ukatili wa mume na ndugu zake ukawekwa kwenye sheria za jinai, na 2005 ikapitishwa sheria nyingine ya ukatili wa majumbani. Bunge haliwezi kutunga sheria tatu kwa jambo la kubuni. Tamthilia hulirembesha tu.

Turudi kwenye miaka yako, mitano na miwili.

Mama mkwe wako aliingia nyumba hiyo akangoja miaka kumi na moja apewe kufuli. Hujaniambia ilikuwaje miaka hiyo, na nadhani hujawahi kumwuliza. Alipolipata, hilo likawa ndilo cheo chake: anayekula hapa anapimiwa na mimi. Ukaja wewe, akakupenda, akakukanda, akakupimia, mambo yakaenda. Kisha ukaanza vitumbua. Sasa una fedha ambazo hazikupita mikononi mwake, hata televisheni anayoiangalia umeinunulia king'amuzi wewe. Halafu ukamwomba ufunguo. Ulimwomba kwa adabu na kwa sababu ya maana, sikatai, lakini yeye alichosikia ni kwamba kazi yake imekwisha.

Hakuwa na maneno ya kusema hilo. Atasemaje, "Mwanangu, naogopa kuwa mgeni hapa"? Watu wazima wa kwetu hawasemi hivyo. Saa mbili usiku akapata maneno tayari: bahu mwembamba, unga mweupe bakulini, fedha chini ya sanduku.

Kwa hiyo usimwombe ufunguo tena. Uache. Stoo ibaki yake na kufuli lake. Wewe nunua ndoo mbili za mfuniko, mchele wa vitumbua na sukari ya biashara uziweke upande wako, kwa fedha yako, ili usimgongee mtu saa kumi na ili kilo za nyumba zisichanganyike na kilo za kuuza. Hilo la kuchanganya, hata mimi ningekuuliza.

Akiba mwonyeshe, usimkabidhi. Kuna tofauti kubwa hapo, na wapo watakaokushauri umpe atunze ili kuonyesha heshima. Wasikilize kwa adabu, usifanye. Kaa naye, toa bahasha, toa daftari kama unaandika (kama huandiki, anza leo), mweleze oveni ni bei gani na imebaki kiasi gani. Kisha mwombe kitu ambacho kweli unakihitaji. Aliyekufundisha samaki wa kupaka hawezi kukosa mkono wa kuonja nazi na hiliki. Mwombe awe anachagua mchele na kuuloweka jioni, na umlipe kila wiki, hata kama ni shilingi elfu tano. Atakataa mara ya kwanza. Weka pale mezani uondoke.

Kula kwanza mbele yake kunakuuma, najua. Endelea kula kwanza, na ikibidi ulambe na mwiko. Hilo litakufa lenyewe siku atakapotia hamira kwa mkono wake.

Sasa mumeo. Kwenye tamthilia wale waume wamepewa suti nzuri na safari za kikazi, ugomvi ukiwaka wako uwanja wa ndege. Wa kwako yuko Geita kwa kweli, namhurumia, ni kazi ngumu. Lakini "mvumilie" ni neno ambalo halimgharimu chochote. Mwambie kiasi kilichomo kwenye bahasha, leo hii, mpaka shilingi ya mwisho. Wewe kumficha kiasi ndiko kulikompa wifi yako nauli ya basi. Kisha yeye ampigie mama, sauti iwe wazi mkiwa mmekaa wote, aseme kwa kinywa chake kuwa fedha ile ni jasho la mkewe na yeye ameridhia. Akisema ataongea akija, mkumbushe kuwa yule wa Premchand naye alikuwa mbali, na hakuacha ipite mwisho wa wiki.

Wifi mwache. Akiona mama ametulia atatafuta tamthilia nyingine.

Muheza nenda kusalimia, uchukue na mtoto, urudi siku uliyoaga. Usiende kwa kukimbia, maana ukikimbia maelezo ya kwa nini umeondoka watayatunga wao. Isipokuwa jambo moja: mtu akikunyanyulia mkono, awe mama, wifi au mumeo, hapo toka siku hiyo hiyo. Nenda dawati la jinsia na watoto lililoko polisi, au kwa ofisa ustawi wa jamii. Hapo sitakwambia habari za Anandi.

Binti yako muache acheze. Siku moja ukae naye chini, wewe uwe mama mkwe, yeye awe bahu, ukimwambia "Toka nyumbani kwangu" umsikilize anajibu nini. Watoto wa miaka sita husema sentensi ile ambayo watu wa kipindi cha saa mbili wamekatazwa.

Na mama yako, muulize hiyo miaka kumi na moja. Nani alikuwa anampimia sukari, na kwa kipimo gani. Muulize mkiwa mnachambua mchele, mikono ina kazi. Usimuulize saa mbili usiku, maana saa hizo ana wageni.